Waliuzwa au waliajiriwa? Wasichana wa viwanda vya nguo vya Japani kabla ya vita

Swali: Shikamoo mwalimu. Nafundisha historia sekondari huku Korogwe. Mwanafunzi wangu mmoja aliniletea picha ya zamani: wasichana wa Kijapani wamekaa mstari mrefu ndani ya kiwanda cha hariri, kila mmoja na beseni lake, na wengine ukiwatazama huwapi zaidi ya miaka 12. Nilipotafuta habari zao nikakuta maneno mawili yanayopingana. Kuna wanaosema waliuzwa na baba zao wakaishia kufa kwa kifua kikuu. Kuna wanaosema walikuwa na bahati kuliko wenzao wa vijijini, kwa kuwa kiwandani walikula wali kila siku. Mkweli ni nani? Nauliza pia kwa sababu marehemu bibi yangu alikuwa na merikani aliyoiita ya Japani, na tangu nione picha hii najiuliza ilifumwa na mikono ya nani.

Jibu: Marahaba mwanangu. Wote wawili wanasema kweli, na ndiyo maana habari za wasichana hawa hazijaniachia tangu nilipoanza kuzisoma. Lakini ukitaka kujua kama waliuzwa au waliajiriwa, usianze na sahani ya wali wala na kitanda cha mgonjwa. Anza na mkataba.

Mkataba wa msichana wa kiwandani ulipigwa muhuri wa baba yake. Fedha za kutangulizwa alipokea baba. Ujira wenyewe, hasa katika viwanda vya hariri, ulihesabiwa mwisho wa mwaka na sehemu kubwa ikaenda kwa baba. Msichana alichotia ni kazi. Hakuna aliyemmiliki kisheria, na muda ukiisha alirudi kwao, kwa hiyo siwezi kumwita mtumwa. Hata hivyo deni alilokuwa akilitumikia hakulikopa yeye, na akitoroka anayedaiwa ni mzee wake kijijini. Shika hapo, maana karibu kila jambo katika picha yako linatokana na hapo.

Haikuanza hivyo. Mwaka 1872 serikali mpya ya Japani ilifungua kiwanda cha hariri cha matofali mekundu mahali panapoitwa Tomioka, mkoa wa Gunma, kwa mashine za Kifaransa na chini ya mtaalamu wa Kifaransa, Paul Brunat. Hariri ndiyo iliyokuwa ikiiletea nchi fedha za kigeni kupitia bandari ya Yokohama, lakini uzi uliovutwa majumbani kwa mkono ulikuwa haulingani unene na wanunuzi wa Ulaya walilalamika. Serikali ikataka wasichana waje Tomioka, wajifunze mashine, kisha warudi kwao kuwafundisha wengine. Hawakuja. Habari ilikuwa imeenea kwamba Wafaransa wale wanakunywa damu ya wasichana. Watu walikuwa wamewaona wakinywa mvinyo mwekundu. Sisi wa pwani hatuhitaji kufafanuliwa zaidi: ni mumiani yule yule aliyewatisha wazee wetu Mombasa na Dar es Salaam. Mkurugenzi wa kwanza, Odaka Atsutada, ikambidi amtangulize binti yake mwenyewe, Yū, ili wengine wapate moyo.

Miongoni mwa waliofuata, mwaka 1873, alikuwemo Yokota Ei kutoka Matsushiro, mkoa wa Nagano. Baba yake alikuwa ofisa aliyeagizwa kutafuta wasichana katika eneo lake. Alipokosa, akamtoa wa kwake. Ei alikuja kuandika kumbukumbu zake akiwa mtu mzima, na ukizisoma unaona fahari tupu. Alikuwa binti wa ukoo wa samurai, na alifanya kazi kwa nuru ya mchana, saa zisizofika nane kwa siku. Jumapili alipumzika na daktari alikuwepo. Mwaka ule ule malkia mwenyewe alikwenda Tomioka kuwatazama wakivuta uzi. Kwa kizazi kile kidogo cha mwanzo, kwenda kiwandani kulikuwa kama kwenda chuo.

Tomioka haikuleta faida, na mwaka 1893 serikali ikaiuza kwa watu binafsi. Tayari wafanyabiashara wa Nagano, kando ya ziwa Suwa, walikuwa wamekwisha kuiga mashine zile. Pale penye chuma wakaweka mbao, penye shaba wakaweka udongo wa kufinyanga, na gurudumu wakalizungusha kwa maji ya mto. Saa nane za kazi na daktari hawakuviiga. Mji wa Okaya, uliokuwa kijiji kando ya ziwa, ukageuka msitu wa dohani, na mwaka 1909 Japani ikaipita China ikawa muuzaji mkubwa wa hariri mbichi duniani. Sehemu kubwa ilikwenda Marekani.

Wasichana wa kuendesha mashine hizo walitoka wapi? Walitoka kwa wakulima waliobanwa. Mwaka 1873 serikali ilianza kudai kodi ya ardhi kwa fedha taslimu badala ya mpunga. Miaka minane baadaye waziri wa fedha Matsukata akabana matumizi na kupunguza noti zilizokuwa mikononi mwa watu. Bei ya mpunga ikaanguka, bei ya vifukofuko vya hariri, yaani nyumba za uzi anazojifungia kiwavi, ikaanguka, kodi ikabaki pale pale. Wengi wakapoteza mashamba na kuwa wapangaji wanaomgawia mwenye ardhi hata nusu ya mavuno. Wajapani wana neno la hali hiyo ambalo maana yake ni kupunguza vinywa. Binti wa miaka 13 ni kinywa kimoja. Akiondoka, chakula kinabaki. Tena akiondoka kwa mkataba, fedha zinaingia kabla hajapiga hatua ya kwanza.

Fedha hizo zililetwa na wakala. Alizunguka vijijini akiwa na maneno matamu: wali mweupe, mafunzo ya kushona na kusoma, zawadi ya nguo, na ahadi kwamba binti atarudi na mahari yake mkononi. Wazee wetu waliopelekwa mashamba ya katani kama manamba wangemtambua mtu huyu akiwa bado mbali barabarani. Aliacha arubuni mezani, baba akatoa muhuri wake, na katika mkataba mlikuwa na kifungu kwamba binti akiondoka kabla ya muda, familia itarudisha fedha ile na faini juu yake. Watu hupenda kusimulia juu ya kuta ndefu za mabweni na malango yaliyofungwa, na ni kweli yalikuwepo. Ila kufuli la kwanza lilifungwa huko nyumbani, mbele ya mama yake, siku ya muhuri.

Sasa tuitazame picha yako kwa karibu. Lile beseni lina maji yanayokaribia kuchemka, yanayopashwa moto na bomba la mvuke. Ndani vinaelea vifukofuko, kila kimoja na kiwavi wake aliyekufa ndani. Msichana anavisugua kwa kiufagio kidogo hadi ncha ya uzi itokeze, uzi mwembamba kuliko unywele, ambao katika kifukofuko kimoja unaweza kupita urefu wa kilometa moja. Anaunganisha ncha za vifukofuko vinne au vitano, anazipitisha kwenye tundu dogo, uzi unakwenda juu na nyuma yake hadi kwenye gurudumu ambalo halisimami. Ugumu ni huu: kila kifukofuko huisha kwa wakati wake, na kinapokaribia kuisha uzi wake hukonda. Lazima autupie ncha mpya kabla mnunuzi wa soksi huko Marekani hajaweza kuona tofauti. Macho yake yako juu ya nyuzi ambazo wewe na mimi tusingeziona, vidole vyake vimo majini tangu alfajiri. Vimevimba, vimekuwa vyeupe, vimechanika kwenye kucha. Harufu ya wale viwavi waliopikwa huingia kwenye nywele na haitoki. Mvuke unapanda, unagonga paa, unarudi kama manyunyu mabegani mwake. Jioni anatoka na nguo mbichi kwenye baridi ya Suwa, mahali ambapo siku hizo ziwa zima lilikuwa likiganda wakati wa majira ya baridi. Msimu wa kazi nyingi ilikuwa saa 13 au 14 kwa siku.

Na hapo hujaona namna alivyolipwa. Wenye viwanda vya Suwa walitengeneza utaratibu wa madaraja ambao naona ni moja ya hesabu za kikatili kupata kutungwa na watu wenye elimu. Uzi wa kila msichana ulipimwa: umetoka mwingi kiasi gani, unene unalingana, unang'aa, na je, ametoa uzi wa kiasi gani kutoka kwenye vifukofuko alivyopewa. Kisha wasichana wakapangwa kwa kulinganishwa wao kwa wao. Jumla ya fedha za mishahara ya kiwanda ilikuwa imekwisha wekwa. Aliyepanda daraja aliongezewa, aliyeshuka alikatwa. Yaani zawadi ya binti mmoja ilitoka mfukoni mwa binti wa beseni la pili. Wote wangeweza kuongeza bidii kwa pamoja na mwenye kiwanda asitoe hata senti moja zaidi. Tena msichana hakujua amepata nini hadi mwisho wa mwaka.

Hata hivyo, walikuwepo walioshinda katika hesabu hiyo. Waliitwa wasichana wa yen 100, kwa kuwa walirudi nyumbani Desemba na kiasi hicho kwa mwaka, na fedha hiyo ingeweza kuikomboa familia kwenye deni au kununua shamba. Baba aliipokea kwa mikono miwili, na wapo waliolia. Usiwapuuze wasichana hawa unapofundisha. Fahari yao ilikuwa ya kweli, na kila wakala aliibeba hadithi yao hadi kijiji kilichofuata.

Viwanda vya pamba vilikuwa dunia nyingine. Kile cha Osaka kilichoanza kazi mwaka 1883 kwa msukumo wa mfanyabiashara maarufu Shibusawa Eiichi kilikuwa na spindeli 10,500, yaani vijiti vinavyozunguka kusokota uzi, na wenye nacho walitambua mapema kwamba mashine za kuagizwa kutoka Uingereza ni ghali mno kuziacha zilale. Wakagawa siku katika zamu mbili za saa 12. Mwanzo waliwasha taa za mafuta katikati ya vumbi la pamba. Mwaka 1886 wakaingiza umeme, na kuanzia hapo usiku ukawa mchana. Msichana alifanya kazi juma moja mchana, juma la pili usiku. Bwenini alipewa nafasi ya mkeka mmoja wa tatami, takribani urefu wake akijilaza, na upana wa nusu ya urefu huo. Katika mabweni mengi tandiko lilikuwa la watu wawili: wa zamu ya usiku aliporudi asubuhi alilala kwenye godoro lenye joto la mwenzake aliyeamka, na jasho lake, na kikohozi chake. Hewa ya kiwandani iliwekwa unyevu makusudi ili uzi usikatike. Huwezi kukipangia kifua kikuu makazi mazuri kuliko hayo.

Kuhusu kufungiwa nitakutajia tukio moja tu. Januari 1900 bweni la kiwanda cha kufuma katika kijiji cha Kōmyōji, mkoa wa Aichi, liliungua usiku. Madirisha yalikuwa na nondo za chuma. Wasichana 31 walikufa. Wakubwa wa viwanda walikuwa wakieleza kwamba nondo na kuta ni kwa ajili ya kulinda heshima ya mabinti wa watu, na wazazi wengi waliyapokea maneno hayo, kwa sababu mzazi aliyemwacha mtoto wa miaka 13 mbali na nyumbani anahitaji kuamini kitu.

Turudi kwenye wali, maana ndilo swali lako lenyewe. Katika miaka ya 1960 mwandishi mmoja wa Kijapani alizunguka milima ya Hida, mkoa wa Gifu, akiwatafuta mabibi waliofanya kazi Suwa ujanani mwao. Alizungumza na mia kadhaa. Kati ya kila 100, 90 walisema chakula cha kiwandani kilikuwa kizuri, na hakuna aliyesema kilikuwa kibaya. Kama 70 walisema ujira ulikuwa mzuri. Waliosema kazi ilikuwa ngumu walikuwa 3 tu. Na 90 walisema wanafurahi kwamba walikwenda. Ukiishia hapo, utafunga daftari na kuwaambia wanafunzi kwamba habari za mateso zimetiwa chumvi.

Lakini fikiri mabibi wale walikuwa wakilinganisha na nini. Kwao Hida walikula uwele na mtama wa milimani, wali ulikuwa wa sikukuu. Msichana wa shamba aliamka kabla ya jua, akalima, akakata kuni, akalea wadogo zake, wala hapakuwa na daftari la kuandika saa zake. Aliyetoka huko akapewa wali mara tatu kwa siku, hata kama ni mchele hafifu wa kuagizwa pamoja na mchuzi na kachumbari ya chumvi, hasemi uongo akisema alikula vizuri. Anayemcheka leo hajui njaa. Kisha tazama swali jingine walilojibu wale wale: mgonjwa alihudumiwaje? Hapo 40 kati ya 100 walisema alitendewa vibaya, na 10 tu wakasema alitendewa vizuri. Mikono ile ile iliyosifu wali inaonyesha kitanda cha mgonjwa. Na waliohojiwa wote ni watu waliofika uzeeni. Mwenzao aliyekufa na miaka 18 hakuwepo kuulizwa chakula kilikuwaje.

Mmoja wa hao waliokosekana tunamjua kwa jina. Masai Mine alitoka Hida, akafanya kazi Okaya katika kampuni ya Yamaichi Hayashi-gumi, na alikuwa mmoja wa wale wasichana wa yen 100. Kila Desemba viwanda vilipofungwa, mamia ya wasichana wa Hida walirudi nyumbani kwa miguu kupitia njia ya mlima ya Nomugi, yenye mwinuko wa mita 1,672, kwenye theluji, wamefungana kwa mishipi ili asiporomoke mtu. Mine hakusubiri Desemba. Novemba 1909 simu ya maandishi ilifika nyumbani kwao: Mine ni mgonjwa, njooni mmchukue. Kaka yake Tatsujirō akatembea milima ile hadi Okaya, akamkuta amebaki mifupa. Kampuni ilitaka aondolewe upesi. Akamweka kwenye kibebeo cha mgongoni, kama wanavyobeba kuni, akaanza kurudi. Juu ya Nomugi, kwenye banda la chai, alimnunulia uji wa moto wa ngano nyeusi. Mine hakuugusa. Alitazama upande wa pili wa mlima, akasema, "Aa, naiona Hida," akafa pale pale. Alikuwa na miaka 20. Leo pana sanamu mahali hapo, ya kaka aliyembeba dada.

Nakuomba uisimulie darasani kwa utulivu, usiipambe. Ila waonyeshe jambo moja ndani yake: kiwanda hakikumhesabu Mine miongoni mwa wafu wake. Alikufa njiani. Mwaka 1913 daktari wa serikali, Ishihara Osamu, ndiye aliyeifunua hesabu hii iliyofichwa. Aliwafuata wasichana waliorudishwa vijijini, badala ya kuridhika na madaftari ya viwanda, na akakuta kwamba wengi walitolewa bwenini wakiwa wamekwisha kuugua, wakafia kwa mama zao, na kifua kikuu kikiongoza. Tena ugonjwa haukuishia kwao. Uliingia vijiji ambavyo haukuwa umefika. Ishihara aliwapima pia uzito wasichana wa zamu ya usiku. Walipungua juma la usiku, na juma la mchana halikutosha kuwarudishia walichopoteza. Naiona hiyo mizani kuwa ushahidi mzito kuliko hotuba yoyote.

Sheria ya viwanda ilikuwa imepitishwa mwaka 1911, ikaanza kutumika 1916. Iliweka umri wa chini kuwa miaka 12 na kikomo cha saa 12 kwa wanawake, na ikawapa wenye viwanda miaka 15 ya kuendelea na kazi za usiku. Baadaye muda huo ulifupishwa, na hatimaye tarehe 1 Julai 1929 zamu ya usiku ikakoma kwa wanawake. Tangu taa za umeme za Osaka ilikuwa imepita miaka 43.

Usije ukawafundisha wanafunzi wako kwamba wasichana hawa walikaa kimya wakingoja madaktari na wabunge. Mgomo wa kwanza wa kiwandani unaojulikana Japani ni wao waliouanzisha. Juni 1886 huko Kōfu, mkoa wa Yamanashi, wenye viwanda vya hariri walikubaliana kuongeza muda wa kazi kwa nusu saa, kukata ujira, na kumzuia msichana asihame kwenda kiwanda kingine bila ruhusa. Wasichana wapatao 100 wa kiwanda cha Amamiya wakatoka wakajifungia hekaluni, na mwenye kiwanda akalazimika kulegeza masharti. Walikuwa wakihama kwa wingi. Ndiyo maana mwaka 1903 wenye viwanda wa Suwa waliunda umoja wa kuwaandikisha wasichana kwenye rejista, ili aliyeandikwa kwa mmoja asiajiriwe na mwingine. Mtu asiye na nguvu yoyote haundiwi chama cha kumzuia. Wengi walitoroka usiku. Wengine, na hili ni zito kulisema, waliingia ziwa Suwa. Na walikuwa na nyimbo walizotunga wenyewe na kuimbishana wakiwa kazini, zisizo na mtunzi anayejulikana, za kulalamika kwamba bweni ni gumu kuliko tundu la ndege na kuliko jela. Watu wa mjini waliwadharau hadi kusema kwamba msichana wa kiwandani akihesabiwa mtu, basi kipepeo naye ahesabiwe ndege. Wao wakajibu kwa wimbo kwamba msiwadharau, wao ndio sanduku la dhahabu la kampuni.

Nafika kwenye merikani ya bibi yako. Siwezi kukuambia kipande kile kilitoka kiwanda gani, lakini njia yake naijua. Kuanzia mwaka 1926 meli za Osaka Shosen Kaisha zilikuwa na safari za kawaida kati ya Japani na Mombasa. Mikataba ya kimataifa kuhusu bonde la Kongo iliwazuia Waingereza kuweka ushuru wa kuzibagua bidhaa za nchi nyingine katika Kenya, Uganda na Tanganyika, na kufikia miaka ya 1930 Japani ndiyo iliyokuwa ikiuza nguo nyingi za pamba huku kwetu. Jina merikani lilibaki, kwa ukumbusho wa nguo za Marekani zilizotangulia, ila mfumaji alikuwa amebadilika. Wakati huo viwanda vikubwa vilikuwa vimeanza kutumia mashine za kufuma zinazojiendesha za Toyoda, zilizotoka 1924, na msichana mmoja aliweza kusimamia mashine makumi. Ndiyo, ni ukoo uleule ambao jina lake leo linapita barabara za Korogwe juu ya magari. Yawezekana pia mfumaji wa bibi yako hakuwa Mjapani. Viwanda kama Kishiwada, karibu na Osaka, vilikuwa vikiajiri wasichana kutoka Korea tangu 1918, kwa ujira mdogo kuliko wa wenzao, na mwaka 1930 Wakorea na Wajapani waligoma pale pamoja.

Nimeuacha mwaka 1927 hadi sasa kwa makusudi. Agosti mwaka huo, katika kampuni ile ile ya Okaya alikotoka Masai Mine, wafanyakazi wapatao 1,300, wengi wao wasichana, waligoma. Miaka 18 ilikuwa imepita tangu Nomugi. Walidai haki ya kujiunga na chama cha wafanyakazi, chakula bora, ujira unaoeleweka. Kampuni haikuhitaji askari wengi. Ilifunga jiko, ikafunga milango ya bweni, kisha ikaandika barua kwa baba zao. Baba mwenye muhuri akaitwa kuja kumchukua binti yake, na mmoja mmoja wakaja. Baada ya siku 19 mgomo ukavunjika.

Lakini miezi michache kabla ya hapo, huko Kameido, Tokyo, wasichana wa kiwanda cha Tōyō Muslin walikuwa wamegoma wakashinda. Dai lao kubwa lilikuwa ruhusa ya kutoka nje ya lango la bweni baada ya kazi bila kumwomba mtu. Walipoipata, walitoka jioni wakatembea barabarani.